Yule Mwanamke Asiyeumia

Atupele mwanangu,

Umetoka sasa hivi kwenda Mwanjelwa kutafuta begi lenye zipu nzima, na najua ukishaingia kule hutarudi mapema, utapita kwa rafiki zako kuwaaga. Nami nimevuta kiti mpaka dirishani, mahali ambapo jua bado linafika, maana baridi ya Uyole mwezi huu unaijua. Nimeamua kuandika kwa sababu haya nikikwambia kwa mdomo nitaishia kukuuliza kama umekula.

Sitaandika habari za sweta, wala za kupiga simu ukifika, wala za watu wa kukaa nao. Hayo umeyasikia tangu ulipoanza shule. Tena Iringa si ugenini kwako, ni kwetu, ndiko kitovu changu kilikozikwa. Ukiwaamkia "kamwene" kwa lafudhi yako hiyo ya Kinyakyusa watacheka, lakini watakukaribisha.

Nataka kukwambia habari za yule mwanamke uliyemwona kwenye simu.

Unaikumbuka siku ile. Ulikuja jikoni umeishika simu mbele yako kwa uangalifu, kama mtu aliyebeba kikombe kilichojaa chai, ukaniuliza, "Mama, huyu ni wewe?" Nikaangalia. Mwanamke mwembamba, kitambaa chekundu kichwani, anakimbia juu ya ghorofa ambalo halijaezekwa, anafika ukingoni, anaruka. Nikakujibu, "Zamani hizo," nikatoka nje kuwapa kuku pumba. Ulisubiri nirudi ndani uniulize zaidi. Nilikaa na wale kuku mpaka ukachoka.

Haikupita wiki ukaniambia umechaguliwa kwenye tamthilia inayopigwa picha kule Iringa, ya yule dada askari wa wanyamapori, kwamba wewe ndiye utakuwa mdogo wake, na kwamba kuruka na kuanguka kote utafanya mwenyewe. Nikasema, "Sawa." Neno moja. Tangu hapo tumekuwa tukizungumza habari za mboga na umeme tu, kama wapangaji wawili.

Leo nakujibu.

Nilikuja Mbeya nikiwa msichana, kuishi na shangazi yangu aliyekuwa akiuza mitumba Mwanjelwa. Kule kwetu Kilolo, Iringa, nilizoea kupanda miti na kushindana na kaka zangu kuruka makorongo, na bibi yako alishachoka kunichapa kwa ajili ya magauni niliyochana. Siku moja kikundi cha watu wa filamu kilikuja nyuma ya soko na kamera yao. Mwigizaji wao wa kike alitakiwa kuruka kutoka juu ya ukuta na kuangukia magunia ya viazi. Akapandishwa, akatazama chini, akaanza kulia. Dairekta wao, kijana mmoja mrefu aliyeitwa Bosco, akageukia watu waliokuwa wamejaa pale akauliza kwa mzaha, "Jamani, Mbeya nzima hakuna mwanamke anayeweza?"

Nilikuwa nimebeba furushi la sketi. Nikamkabidhi shangazi.

"Leah, utavunjika wewe!" akaniambia.

Nikapanda, nikaruka. Mwanangu, gunia la viazi si godoro. Bega liliwaka moto mpaka nikaona giza. Bosco akanikimbilia, "Uko sawa, dada?" Nikasimama, nikakung'uta vumbi, nikasema, "Niko sawa." Soko zima likapiga makofi. Hapo ndipo nilipojifunza jambo ambalo limenitesa mpaka leo, kwamba watu hawapigi makofi unaporuka. Wanapiga unapoinuka na kusema huumwi.

Mwanzoni nilikuwa mgongo wa wanawake wengine. Mwigizaji mwenye sura nzuri anasema maneno yake, analia vizuri, kisha mimi ninavikwa gauni lake na wigi lake, napigwa picha kwa nyuma, nasukumwa ngazini au naangushwa kwenye pikipiki. Yeye ndiye aliyesimamishwa barabarani na kusalimiwa. Nami niliona sawa, nilikuwa nafanya kazi niliyoipenda. Usije ukamwamini mtu atakayekwambia mama yako alilazimishwa. Kile kipande cha muda ambacho mguu umeshaachana na ukuta na bado haujafika chini, hakuna mtu anayekudai wala anayekuita. Sijawahi kukipata tena mahali pengine, si kanisani, si kwenye ndoa. Nadhani unakijua, nimekuona usoni ukitoka mazoezini.

Baadaye Bosco akanipa nafasi yangu mwenyewe. Alinitungia mwanamke anayeitwa Radi, anayelipiza kisasi cha ndugu zake, na Radi akapendwa. Sura yangu ilikaa kwenye makava ya CD kuanzia Tunduma mpaka Makambako. Watoto walinifuata njiani wakipaza sauti, "Radi! Radi! Ruka!" Na wakati mwingine niliruka kweli, mtaro au kigenge tu, ili wafurahi.

Lakini nikueleze jioni zake. Tukimaliza kazi wenzangu walikwenda kula pamoja, nyama choma, vicheko. Mimi nilisema nina usingizi. Nilijifungia kwenye chumba cha nyumba ya wageni, nikachanganya maji ya moto na chumvi kwenye beseni, nikajikanda mwenyewe mahali mkono ulipofika. Mgongoni mkono haukufika. Sikutaka mtu aone ile michubuko, kwa sababu Radi hakuwa na michubuko. Nilizisikia sauti zao uani, nikajua wananisema vizuri, nikazima taa mapema. Nilifanya hivyo kila tulikokwenda, Chunya, Mafinga, Njombe, na hakuna aliyewahi kugonga mlango. Wangegonga vipi? Nilikuwa nimeshawaambia niko sawa.

Mtu mmoja tu hakuniamini. Huyo ni baba yako.

Ambakisye alikuwa dereva wa Fuso iliyobeba vyombo vyetu. Hakuna aliyemwagiza kushughulika na mimi, alijitwika mwenyewe. Nikiwa na kazi ya kuruka, alikwenda madukani kuomba maboksi matupu, ya sabuni na ya biskuti, akayapanga kwa mistari kama mtu anayejenga, akatandaza magodoro juu yake. Maboksi yakipangwa vizuri yanakupokea. Lakini yanakupokea mara moja tu, yakishabonyea yamekwisha kazi, lazima yapangwe mengine. Baba yako akimaliza kuyapanga alijitupa mwenyewe juu yake kwanza, halafu akainuka akiwa na vipande vya boksi kwenye nywele, akaniambia, "Panda sasa." Tulianza kupendana hivyo, bila maneno mengi.

Ile picha uliyoiona ni ya Makongolosi, kule kwenye machimbo. Radi anawakimbia watu wenye mapanga, anapanda ghorofa ambalo halijaisha, anaruka. Niliruka vizuri sana siku hiyo. Wachimbaji waliacha shughuli zao wakaja kutazama, na nilipoinuka walishangilia kama mpira umeingia wavuni.

Bosco akaangalia kwenye kamera yake. "Nzuri," akasema. "Tuchukue nyingine moja, ya akiba. Jua linaondoka."

Baba yako hakuwepo. Alikuwa ameshatumwa Chunya na gari kufuata petroli ya jenereta. Nilipanda tena mpaka juu, nikachungulia. Yale maboksi yalikuwa yamelala chini kama karatasi. Mtu alikuwa amerudisha magodoro juu yake, akayanyoosha, na kwa mtu asiyejua yalionekana sawa na mwanzo. Mimi nilijua. Hakuna aliyenificha, mwanangu, nilijua kabisa.

"Vipi, Leah?" Bosco akaita kutoka chini. "Uko tayari?"

Pembeni yake alisimama msichana mgeni kwenye kikundi, mdogo kuliko mimi, mwepesi, ambaye siku chache kabla alikuwa ameniomba nimfundishe kuanguka. Alinitazama kwa macho yaliyojaa heshima, nami nikaona kitu kingine ambacho hakikuwemo. Nikawaza, nikisema hapana, atapanda yeye. Wala sikuwaza kumwokoa, nisikudanganye. Nilimwonea wivu. Niliwaza kwamba kesho watoto watamwita yeye Radi.

Nikasema, "Niko sawa."

Kitambaa changu kilifunguka kikaenda na upepo kabla sijafika chini, hicho nakikumbuka. Kisha nikasikia nyonga yangu ya kushoto ikilia. Niliisikia kwa masikio, kama mtu anavunja kuni chumba cha pili.

Wachimbaji walinibeba kwenye pikapu yao mpaka Mbeya. Baba yako alikutana nasi njiani, akatambua kuna jambo, akageuza gari akatufuata. Hospitalini alikuwa ananuka petroli mwili mzima. Hakunilaumu. Aliniuliza tu, "Hukuyaona maboksi?" Nikamwambia sikuyaona. Huo ulikuwa uongo wangu wa kwanza kwake.

Bibi yako alikuja kutoka Kilolo. Hakuwahi kupanda basi kwenda mbali vile. Alikaa kwenye benchi karibu na kitanda, kitenge amejifunga mabegani, kikapu cha mahindi ya kuchemsha miguuni, akanitazama.

"Unaumwa wapi?" akaniuliza.

"Siumwi sana, mama. Ni uchovu tu."

"Mguu umetundikwa juu kama mbuzi wa sikukuu, nawe unasema uchovu?"

"Nitapona, mama. Niko sawa."

Kisha akasema, taratibu, kwa Kihehe, maneno ambayo kwa Kiswahili ni haya: "Basi mimi nimekuja kumwona nani?"

Alikaa siku chache, akanilisha, akaniombea kwa sauti mbele ya wodi nzima, akaondoka. Nilimsindikiza kwa macho mpaka mlangoni, na nikiri kwamba nilipata nafuu alipoondoka, kwa sababu sasa ningeweza kulia.

Filamu ikatoka, ikauzwa. Nilikuwa natembelea gongo. Siku moja nilikwenda Mbalizi, mahali ambapo nilidhani hawanijui, nikaingia kwenye banda la video nikakaa nyuma karibu na mlango. Nilitaka kuona lile ruko lililonigharimu nyonga. Likafika. Radi anakimbia, anafika ukingoni, anaruka, na kitambaa chekundu kiko kichwani kwake tangu juu mpaka chini. Kiko vilevile, kimefungwa fundo upande wa kushoto, anaangukia maboksi, anainuka.

Walikuwa wametumia la kwanza.

Lile la pili halikuonekana popote. Nadhani lilifutwa, mkanda ukatumika kwa kazi nyingine. Banda zima lilipiga miluzi. Kijana aliyekaa karibu nami akanigonga begani akasema, "Umemwona huyo, dada? Huyo si binadamu. Huyo haumii."

Gongo langu lilikuwa limelala sakafuni kati ya miguu yetu.

"Kweli," nikamjibu. "Haumii."

Nikatoka kabla filamu haijaisha. Sijui kama umewahi kukaa mahali watu wote wanakushangilia na hakuna hata mmoja anayejua kuwa upo. Nisingependa upajue.

Baba yako akanioa nikiwa bado nachechemea. Ukazaliwa wewe, tukafurahi. Nataka ujue kwamba tulifurahi, usije ukadhani nyumba hii ilianza kimya. Lakini baridi ya huku na mfupa uliowahi kuvunjika havipatani. Asubuhi nyingine nilishindwa kuinama kuwasha jiko. Alinikuta nimeshika ukuta, akauliza, "Inakusumbua?" Nikasema niko sawa. Alinisikia usiku nikijigeuza, akauliza, nikasema ni ndoto. Kila alipouliza nilimjibu kama nilivyomjibu Bosco. Nilidhani namrahisishia maisha. Nilidhani mke asiyelalamika ni zawadi.

Kisha akaacha kuuliza. Akapata kazi ya malori ya Kongo, safari za siku chache zikawa za majuma. Siku aliyoondoka na mabegi yake yote wewe ulikuwa shuleni. Alisimama hapo mlangoni, kofia mkononi, akaniambia, "Leah, nimelala kitanda kimoja na wewe miaka yote hii na sijui unaumwa wapi. Mimi najua kupanga maboksi. Lakini hujawahi kuniambia utaangukia upande gani."

Nikamwambia, "Nenda tu, Baba Atu. Tutakuwa sawa."

Wewe ulisikia kwamba alimfuata mwanamke wa Tunduma. Nilikuacha uamini hivyo kwa sababu ilikuwa rahisi kwangu. Yule mwanamke alikuja baadaye, mwanangu, na ninavyosikia ni mtu anayelalamika kuanzia asubuhi mpaka jioni. Ukipata nafasi mpigie baba yako mwambie unakwenda kufanya kazi gani. Atakuuliza maswali mengi. Mjibu yote.

Hizo ndizo habari zangu. Nilipokusikia unasema utaruka mwenyewe, niliingiwa na hofu. Sikuogopa kwamba utaanguka. Kila mtu wa kazi hii anaanguka. Niliogopa kwamba siku moja utasimama juu, utaona kilichopo chini, utajua, na bado utasema ndiyo. Nikawa natafuta namna ya kukukataza. Nilikuwa nimeshaandaa maneno.

Jumapili iliyopita, baada ya ibada, nilikufuata. Hukuniona. Nilisimama nyuma ya ua wa michongoma pale uwanja wa shule, nikikutazama na yule mwalimu wenu wa sarakasi na wenzako. Ulikuwa juu ya lile jukwaa la mbao. Mwalimu akakuita, "Atu, haya, ruka!" Wenzako wakaanza kupiga makofi ya kukuhimiza. Nami nyuma ya michongoma nilishika tawi bila kuangalia miiba.

Ukasema, "Bado."

"Bado nini? Watu wanakusubiri."

"Godoro limesogea, mwalimu."

"Limesogea kidogo tu hilo. Ruka bwana."

Ukashuka. Hukukasirika, hukuomba radhi. Ulishuka ngazi moja moja, ukaenda ukalivuta godoro, ukalikanyaga pembe zote, ukapanda tena, ndipo ukaruka. Halafu ulipotua uligonga kiwiko, ukakaa palepale chini ukasema kwa sauti, kila mtu asikie, "Jamani, kiwiko kinauma," na yule rafiki yako mnene akaja akakushika, akakipuliza kama cha mtoto mdogo, mkacheka wote wawili.

Nilirudi nyumbani peke yangu, nikajifanya nimelala uliporudi. Nililia, Atu. Nilikuwa nimebeba somo langu miaka yote hii kama mtungi kichwani, nimefika nikakuta kwako maji yapo. Sijui nani alikufundisha. Si mimi. Nilikulea kwa kunyamaza, na ukatoka ndani ya ule unyamavu ukiwa na mdomo wako mwenyewe.

Kwa hiyo sina cha kukufundisha kuhusu kazi. Nenda kaifanye. Nitaitazama hiyo tamthilia, sitajificha nyuma wala sitatoka kabla haijaisha.

Nina jambo moja tu la kukwambia, nalo si ushauri. Nyonga ya kushoto inaniuma. Inaniuma kila siku, zaidi asubuhi kukiwa na ukungu, na mwaka huu imeanza kushuka mpaka gotini. Wewe ni mtu wa kwanza kumwambia. Na nyumba hii bila wewe naiogopa. Sikwambii ili ubaki. Kesho nitakwenda nawe stendi, nitasimama mpaka basi litoke, na nikilia uniache nilie. Nakwambia kwa sababu bibi yako alisafiri kutoka Kilolo kuja kumwona mtu, akaondoka bila kumwona, na sasa amelala kaburini siwezi kumwita arudi.

Leo asubuhi ulipokuwa unafua nilitoka, ukadhani nimekwenda kununua mkaa. Nilikwenda kwa Mama Gwamaka, jirani yetu. Tumeishi naye ukuta kwa ukuta tangu alipofiwa na mumewe, na mara zote akiniuliza habari za mguu najibu unavyojua. Nilimkuta amekaa mlangoni anachambua maharage. Nilisimama pale, moyo unanidunda kuliko nilivyowahi kusikia juu ya ukuta wowote.

"Karibu, Mama Atu. Mbona umesimama?"

"Mama Gwamaka," nikasema, "mtoto anaondoka kesho. Naogopa kubaki peke yangu. Na mguu huu unaniuma. Naomba uje ulale kwangu."

Nilitegemea ashangae, au anionee huruma, na sijui ningefanya nini na huruma yake. Hakuinua hata kichwa. Alitupa jiwe dogo aliloliokota kwenye maharage, akaniuliza, "Utapika wewe, au nije nimeshakula?"

"Nitapika."

"Basi usiweke pilipili. Tumbo langu si lile la zamani."

Mama yako,
Leah